Mkia wa Mkanda

Nimestaafu mwezi wa nne, na tangu hapo ofisi imenipigia simu mara nyingi kuliko ilivyonipigia nilipokuwa kazini. Kopo fulani liko wapi. Gundi ya zamani inachanganywaje. Nyinyi vijana mnaozungumza Kiswahili pale ghalani mkaniomba niyaandike yote mahali pamoja, kwa lugha yetu, ili mkuu wa idara asijue mnayoyauliza. Haya, nimekaa, naandika. Vyeo sitavitaja, maana nilipata viwili tu, na cha pili kilikuwa kile cha kwanza kimebadilishwa jina. Mshahara nao ni siri yangu na mume wangu, na hata yeye hajui wote.

Kwa atakayeyasoma haya bila kutujua: kazi yangu ilikuwa kukagua na kutengeneza filamu za zamani, hasa zile za kabla sinema haijapata sauti. Mikanda yake ilitengenezwa kwa kitu kinachoitwa naitreti, kinachoshika moto upesi na kuoza kama chakula. Tunaihifadhi kwenye vyumba vya zege vyenye baridi. Ikifika mezani kwangu naipitisha kwa mkono kutoka gurudumu moja kwenda jingine, pole pole, nikitafuta palipochanika na palipoanza kuoza. Nimeifanya kazi hiyo tangu mwanangu wa mwisho anaanza shule mpaka leo ana mtoto wake, ambaye Kiswahili anakielewa chote na hajibu hata neno.

Kabla ya hapo nilikuwa fundi cherehani. Nilishona Tanga, na tulipohamia Takoma Park, kando ya Washington, nikaendelea kushona sebuleni: magauni ya harusi ya Wahabeshi, majoho ya kwaya, suruali za watu walionenepa Amerika. Siku moja akaja mama mmoja mwembamba, Mmarekani mweusi, mzaliwa wa Washington, koti lake limechanika bitana. Nikaanza kuifumua. Akasimama pembeni ananitazama mikono, hakai. Mwishowe akaniuliza kama nimewahi kushika filamu.

"Kuishika au kuitazama?" nikamuuliza.

"Kuitazama kila mtu anaweza," akasema.

Huyo ndiye Miss Verna. Nyinyi mmeona picha yake tu pale ukutani, ile aliyonuna. Hakununa, alikuwa anahesabu kimoyomoyo mpaka mpiga picha amalize.

Siku yangu ya kwanza hakunionyesha mashine wala kunipa kitabu. Alinipa kopo la bati lililofungwa, akasema nifungue kidogo ninuse. Nikanusa. Nikamwambia linanuka soksi.

"Soksi za nani?"

"Za mtu aliyetoka kazini."

"Basi huyo ana muda," akasema. "Likinuka soksi za mtu aliyekufa, niite."

Mpaka leo sijapata kipimo bora kuliko hicho, ingawa mmeletewa vile vikaratasi vinavyobadilika rangi. Vikaratasi vizuri. Lakini pua haiagizwi dukani wala haichelewi kufika.

Jambo la pili alilonifundisha ni ukingo wa mkanda. Unaupitisha katikati ya kidole gumba na cha shahada, unafumba macho kama unapenda, na kitundu cha pembeni kilichovunjika kitakuuma chenyewe. Ukivaa glavu nene husikii kitu. Jambo la tatu lilikuwa mkasi. Aliuweka mbele yangu akaufunika kwa kiganja. "Kabla hujakata, tazama," akasema. "Ukishakata, basi." Nikadhani ananifundisha mimi niliyekata vitambaa vya watu miaka kumi na tano. Nikanyamaza, maana nilikuwa mgeni.

Sasa nije kwenye wanawake wa mikandani, maana ndio mlioniuliza zaidi. Mliniuliza kwa nini naweza kukaa na fremu moja nusu saa namtazama mwanamke aliyeshika sinia.

Mkanda wa zamani zile haukuiona rangi nyekundu. Nyekundu ilitoka nyeusi, na buluu ilitoka nyeupe. Mwanamke aliyepaka midomo rangi ya kawaida alitokea kama aliyekunywa wino, na mwenye macho ya buluu alitokea kama kipofu. Na mwanzoni hapakuwa na mtu wa kuwapaka. Kila mmoja alikuja na kisanduku chake, akajipaka kwa kioo chake, akaenda kusimama juani mbele ya kamera. Aibu yake aliiona baadaye, ukumbini, pamoja na watu wengine wote. Miss Verna alinionyesha mwigizaji mmoja katika mikanda mitano. Kwenye mkanda wa kwanza mashavu yamekuwa mashimo, unamwonea huruma. Wa pili kapunguza. Kufika wa tano anang'aa, anajua taa iko wapi na shingo aigeuzeje. Hakuna aliyemfundisha. Alijitazama, akaona haya, akajirekebisha.

Mimi haikunipa tabu kuelewa. Shangazi yangu Mwanaidi, kule Tanga, kila Idi alikwenda studio kupiga picha, na alikuwa na poda mbili: moja ya kutembelea watu, nyingine ya studio. Ile ya studio ukikutana nayo barabarani mchana unaweza kukimbia. "Mashine ina macho yake," alikuwa akisema, "na mimi siendi kumpendeza mpiga picha, naenda kuipendeza mashine." Tulimcheka sana. Picha zake ndizo pekee katika ukoo wetu ambazo mtu anaonekana.

Nguo nazo zilikuwa zao. Hilo niliwafundisha mimi wenzangu, tena Miss Verna alifurahi nusura atabasamu. Kwenye kampuni ndogo mwigizaji alikuja na gauni lake, na mimi mshono naujua. Kuna gauni moja nililikuta kwenye filamu tatu, mwilini mwa mwanamke yule yule. Kwanza lina mikono. Halafu halina. Mara ya tatu kalipindua ndani nje na kulitia lesi shingoni. Filamu yenyewe inasema yeye ni binti wa tajiri. Nikiliona nililisalimia, "Umeshindaje, dada."

Wanawake weusi kwenye filamu za kampuni kubwa walipewa sinia na kitambaa cha kichwa cha mtumishi wa ndani, wakawekwa pembeni. Hapo Miss Verna alinishika mkono nisizungushe haraka. Kamera za wakati ule zilizungushwa kwa mkono, na mzungushaji hakuacha papo hapo kazi ilipokwisha. Kikabaki kipande kidogo baada ya tukio kumalizika, ambacho sisi tunakiita mkia. Kwa kawaida kilikatwa, kikatupwa. Pale kilipobaki ungemwona yule mwanamke wa sinia analiweka chini, ananyoosha mgongo, na kumbe ni mrefu kuliko bibi mwenye nyumba. "Hapo ndipo alipo," Miss Verna alisema. Zilikuwepo pia kampuni ndogo ndogo za watu weusi wenyewe, hapa hapa Washington na kwingineko, ambako mwanamke mweusi alikuwa mwalimu, mpenzi, mwenye nyumba. Filamu zao nyingi zimepotea. Ikitokea moja, ghala zima linatembea kwa vidole.

Miss Verna alistaafu, akaishi miaka michache, akafariki. Nililia kwa sauti kanisani kwao, na mimi Mwislamu wa watu, na wao wakanipa kiti cha mbele na leso. Sina zaidi la kusema juu ya hilo. Nilimpenda.

Baada yake nilifanya kazi na Papa Ilunga, ambaye bado mnaye, Mwenyezi Mungu amzidishie. Ametoka Lubumbashi, ndiye mwenye funguo za vyumba vya baridi na ndiye mwenye mapipa. Naitreti iliyooza haiachwi karibu na nzima, maana uozo unahama, na haitupwi kwenye taka, maana inaweza kuwaka. Inakatwa, inatiwa kwenye pipa la maji, na lori maalumu linakuja mara chache kwa mwaka kuyachukua mapipa. Papa Ilunga ni mpole kwa binadamu, lakini mapipa yake hayaguswi na mtu.

Miaka michache kabla sijastaafu, Jerusha akanipigia simu. Jerusha ni Mkenya, wa Kakamega, anatunza wazee majumbani, na sare zake namshonea mimi. Wakati huo alikuwa anamtunza bibi mmoja wa mji wa Laurel, Miss Odessa, aliyekwisha pita miaka tisini.

"Anti, shikamoo. Kuna kitu hapa kinanuka vibaya sana," akasema. "Church ya Miss Odessa walikuwa wanasafisha basement wakapata mkebe uko na jina la mamake. Wakamletea. Sasa mimi nimeuweka kwa fridge."

"Fridge gani?"

"Si hii yetu ya chakula. Kando ya sukuma wiki."

"Jerusha!"

"Kwani ningeuweka wapi, Anti? Wewe si ndio huwa unasema baridi?"

Ni kweli nilisema baridi. Nilimwambia asiufungue na asiusogeze karibu na jiko, tukaufuata siku ile ile.

Ndani kulikuwa na filamu ya moja ya zile kampuni ndogo. Bango la mwanzo limepotea nusu, lakini majina ya waigizaji yalibaki, na la kwanza lilikuwa la Corinne, mama yake Miss Odessa. Yeye ni mwalimu mgeni mjini, kuna tapeli mwenye fimbo anayetaka kumwoa, na mwalimu hataki. Kisa ndicho hicho, na kinatosha. Mkanda uliwekwa bila kurudishwa mwanzo, kwa hiyo mwisho wake ndio uliokuwa nje, na nje ndiko kulikopigwa na joto la miaka yote. Sehemu yote ya mwisho, baada ya tukio la mlangoni ambapo mwalimu anamfungia tapeli nje, ilikuwa imeganda na kutoa asali, ile kahawia inayonata. Nilitazama kabla ya kukata, kama nilivyofundishwa. Penye kuonekana kidogo niliona ukungu, mkono, na weupe umetanda karibu na uso. Sasa nyinyi mnajua: naitreti ikioza, picha hufifia na kutoa mabaka meupe. Mtu wa kazi hii akiona weupe kwenye mkanda uliooza anasema uozo. Nikasema uozo, Papa Ilunga akasema uozo, mkuu wa idara akasaini. Kipande hicho kilikatwa, kikaingia pipani. Iliyobaki tuliiosha, tukaishona, ikanakiliwa.

Miss Odessa aliletwa kuja kuitazama. Alivaa kofia ya kanisani na glavu, na uso wake ulikuwa na poda nyeupe kuliko shingo yake. Jerusha alikwisha ninong'oneza habari ya ile poda. "Tumezunguka maduka yote ya Rockville Pike kuitafuta. Hawaiuzi tena karibu. Hiyo rangi si yake, lakini ukimwambia utaona moto. Hata mtu wa posta hawezi kumfungulia kabla hajajipaka." Nilimpokea, nikamkalisha, taa zikazimwa.

Corinne alikuwa mwigizaji hodari. Anaingia mlangoni na sanduku lake, anavua kofia, anamtazama tapeli kutoka kwenye viatu kwenda juu, na wewe uliyekaa unajua tapeli amekwisha. Uso wake ulikuwa mweupe kama unga wa ngano. Nilimtazama Miss Odessa kwa pembeni. Alikuwa ameshika mkoba kwa mikono miwili.

Taa zilipowashwa akasema, "Ahsanteni. Ni mwanamke mzuri sana." Akasimama. Akiwa mlangoni akaongeza, si kwetu sisi, "Kwa hiyo walisema kweli."

Nilidhani tumemfurahisha. Jioni Jerusha akanipigia.

"Anti, huyu mzee hajakula. Amekaa tu kwa dirisha."

"Kwa nini? Si amemwona mama yake?"

"Ndio shida yenyewe." Akanieleza. Corinne alifariki Miss Odessa akiwa wa kunyonya, na picha zake zilichukuliwa na ndugu zake, hazikuonekana tena. Mtoto akalelewa na dada za baba. Hao dada walimwambia tangu anapata akili kwamba mama yake alikuwa mweupe, nywele laini, mrembo wa mji, na wakimtazama yeye wanacheka. Huyu mweusi katoka wapi? Huyu wa Corinne kweli, au hospitali walitubadilishia? "Miaka yote hiyo alikuwa anajiambia ni uongo wa mashangazi. Ati siku akiona picha atajua. Sasa ameona."

Weee. Nilikaa kitako. Mwanamke wa miaka tisini na kitu amelibeba hilo maisha yake yote, na sisi tumekwenda kumthibitishia kwa skrini kubwa. Niliumia, nasema wazi. Sikuzoea kazi yangu imuumize mtu.

Kesho yake nikautoa ule mkanda tena, nikaupitia kwa kikuza. Uso mweupe, ndiyo. Lakini Corinne kavaa glavu karibu kila tukio, na darasani kwake ni joto, watoto wanajipepea. Kola ya gauni lake ni nyeusi, na ndani ya mkunjo wa kola kuna vumbi jeupe, kama la mtu aliyepiga chapati. Sehemu moja tu anavua glavu moja ili aandike ubaoni, na ule mkono si wa rangi ya ule uso. Alikuwa anaipendeza mashine. Na pengine mwenye kampuni, na watu wa ukumbini waliotaka mwalimu awe vile. Alijipaka kama shangazi Mwanaidi, ila Mwanaidi hakuwa na wa kumwamuru.

Nikampigia Miss Odessa mwenyewe. Nikamweleza kola, nikamweleza mkono. Alinisikiliza mpaka mwisho, kwa adabu.

"Binti yangu," akasema, "mimi najipaka poda tangu nina miaka kumi na mitatu. Poda haisemi chini yake pana nini. Na mkono ni mkono, huenda taa ilikuwa mbaya. Usinibembeleze. Mimi nilitaka uso."

Nikaweka simu. Nilikuwa nimekaa pale pale mezani, na mbele yangu kwenye kioo cha mwanga ipo fremu ya mwisho tuliyoiokoa: Corinne kamaliza, kafunga mlango nyuma yake, tapeli kabaki nje, naye mkono wa kulia unaingia ndani ya mkono wa gauni, pale wanawake wa zamani walipoweka leso. Anaitoa leso. Nikakumbuka ule weupe karibu na uso, ndani ya mkia.

Uozo hauna ncha. Ule ulikuwa na ncha, kama pembe ya leso.

Nilikwenda kwa Papa Ilunga mbio, na mimi si mtu wa mbio.

"Papa, kile kipande cha mkanda wa bibi wa Laurel."

"Nilisha kiweka mu maji, Mama Zuhura. Kamiyo ya kubeba mapipa inakuya kesho asubui."

"Nakitaka."

"Hapana, Mama. Mu pipa bintu binaingia, habitoke. Unajua weye mwenyewe."

"Papa, yule ni mama wa mtu."

"Mama ya nani?"

"Wa yule mzee mwenye kofia. Hajawahi kumwona uso. Uso uko pipani mwako."

Akanitazama. Akayatazama mapipa. Akaguna kwa Kifaransa, akavaa zile glavu zake za kufika kwenye viwiko. "Bon," akasema. "Mama ya muntu haitupwe mu pipa. Lakini chef asaini."

Mkuu wa idara alisaini, na chini ya saini akaandika kwamba alishauri tusifanye. Sikumlaumu. Ningekuwa mimi ningeandika hivyo hivyo.

Kwa wale watakaojaribu: msijaribu. Ila mkilazimika, basi hivi. Maji yanalainisha ile tabaka yenye picha, inakuwa kama utando wa maziwa yaliyochemka; ukivuta, inabaki mkononi na picha imekwisha. Kwa hiyo huvuti. Tuliweka kipande juu ya kioo chenye maji, nikawa natenganisha mkunjo kwa mkunjo kwa mgongo wa sindano, sindano yangu ile ile ya kushonea mabitana, Papa Ilunga ameshika taa na anasali kwa sauti ya chini. Kila fremu iliyokubali kukaa bapa tuliipiga picha kutoka juu papo hapo, kabla haijabadili nia. Nyingi hazikuwa na kitu. Baadhi zilikuwa na bega, au mlango. Tulifanya kazi hiyo ya chenga chenga, na nilipofika mahali pa uso niliweka sindano chini, nikaenda kunywa chai kwanza. Haraka haraka haina baraka, na kwenye naitreti iliyolowa ndiyo haina kabisa.

Tulipozipanga zile picha kwa mfuatano na kuzichezesha, tulipata kitu kifupi mno. Ukipiga chafya kimekupita. Kwa Miss Odessa hatungeweza kumwambia aje tena mjini. Alikwisha mwambia Jerusha kuwa safari za kuona watu weupe zinamchosha. Basi nikachukua kompyuta, nikaenda Laurel.

Jerusha alifungua mlango. Miss Odessa alikuwa kwenye kiti chake, hereni masikioni, poda usoni, miguu imefunikwa shali. Akanyoosha mkono nimsalimie.

"Kama umeniletea tena yule mweupe," akasema, "chai ipo. Kunywa, uende salama."

"Nimekuletea mkia wake," nikasema, na nikamweleza mkia ni nini, na ulikuwa wapi. Alisikiliza habari ya pipa bila kushtuka. Nikaiweka kompyuta mezani, Jerusha akapunguza mwanga wa dirisha, nikaanza.

Corinne yuko mlangoni. Kazi imekwisha, unaona mabega yameshuka. Mtu asiyeonekana anamwambia kitu, naye anacheka, mdomo wazi, si kicheko cha mwalimu yule. Anakuja mbele mpaka uso unajaa. Leso mkononi. Anaiweka kwenye paji la uso na kuishusha mpaka kidevuni, mara moja, kwa nguvu, kama anayefuta ubao. Upande huo wa uso ukatoka mweusi. Mweusi wa kung'aa, shavu la mviringo, na chini ya jicho kasoro ndogo ya ngozi ambayo unga uliifunika. Upande mwingine bado ni wa filamu. Anatazama ndani ya kamera na nyuso zake mbili, anainua leso kufuta ule wa pili, na hapo picha inakwisha. Ule wa pili hatukuupata.

Jerusha alikuwa amejishika mdomo. Nilichezesha tena bila kuambiwa, halafu nikaacha, nikaogopa kuzidisha.

"Walimwambia nini," Miss Odessa akauliza mwishowe, "hata akacheka hivyo?"

"Hatujui, Mama. Haina sauti."

Akatikisa kichwa, kama jibu hilo linamtosha. Halafu akamgeukia Jerusha. "Nipe kitambaa."

Jerusha akampa haraka, na akasogea karibu, maana tulijua analia. Hakuwa analia. Alivua miwani akampa Jerusha aishike. Akaweka kitambaa kwenye paji la uso akakishusha mpaka kidevuni, pole pole kwa ajili ya mikono yake, akakunja upande safi, akafuta na upande wa pili. Alifuta chini ya kidevu na kando ya pua, mpaka kitambaa kikawa na rangi na uso ukawa wa kwake. Akavaa miwani. Akakisogeza kiti karibu na meza.

"Sasa anza tena," akasema. "Na yeye anione."

Nikaanza tena.